Uzio wa Wiki Mbili

Elisifa alipofika mlango wa mahakama kwa mara ya kwanza maishani mwake, aliinama avue viatu. Wakili wake, binti mmoja aitwaye Pamela, akamshika kiwiko.

"Bibi, huku tunaingia navyo."

"Hata humu ndani kabisa?"

"Hata humu ndani kabisa."

Akaingia navyo, lakini alikanyaga taratibu kama mtu anayepita kando ya mtoto aliyelala. Ukumbi ulikuwa na feni isiyozunguka na mabenchi yaliyong'arishwa na makalio ya watu wengi. Mbele kulikuwa na meza ndefu iliyoinuliwa juu, na nyuma yake alikaa hakimu mwanamke mwenye mafua. Kila alipopiga chafya, ukumbi ulizidi kunyamaza. Elisifa alikuwa ametoka Masama alfajiri, na udongo wa mlimani bado ulikuwa umeganda kwenye visigino vyake. Aliusikia ukidondoka vipande vipande kwenye sakafu ya watu, akaona haya.

Shauri lenyewe halikuwa na maneno mengi. Kati ya nyumba yake na nyumba ya shemeji yake Eliufoo palikuwa na kipande cha kihamba, shamba la ukoo, lenye migomba juu na kahawa chini yake. Elisifa alisema kipande hicho mkwewe alimpa marehemu mumewe, Jesse, mwaka walipooana. Alikitoa kwa mdomo, mbele ya wazee ambao leo wote wamelala chini ya migomba yao. Eliufoo alisema yeye ndiye kitinda mimba, na kitinda mimba hubaki na boma la baba na vyote vinavyolizunguka, jambo ambalo halihitaji shahidi. Jesse alipokuwa hai hakuna aliyeuliza. Jesse alipozikwa, Eliufoo akaanza habari za parachichi.

"Kahawa imezeeka kama sisi," alisema. "Wanunuzi wa parachichi wanapita Sanya Juu na malori. Mimi nina wajukuu wa kusomesha. Naing'oa yote."

Yote. Ile kahawa Elisifa aliileta kwa kichwa ikiwa miche, imefungwa kwenye majani ya mgomba, akiwa bibi harusi ambaye hajajua hata njia ya kisimani. Jesse alipanda, yeye alimwagilia. Ndiyo maana aliuza ndama wake na kumtafuta Pamela, na Pamela akapeleka ombi mbele ya kesi yenyewe: zuio la muda, kwamba mti hata mmoja usikatwe mpaka mahakama iamue nani mwenye mali.

"Tumeweka na hati ya dharura, bibi," Pamela alimnong'oneza pale kwenye benchi. "Hili ni jambo la haraka."

Hakimu alifunua karatasi, akazisoma, akafuta pua. "Ombi la zuio nitalitolea uamuzi baada ya wiki mbili. Mpaka siku hiyo hali ibaki kama ilivyo. Asiingie mtu, kisiguswe kitu."

Basi. Elisifa alingoja kitu kingine, hakikuja. Lakini mambo aliyoyaona baadaye ndiyo yaliyomfanya asiwasahau wale watu wa meza ndefu. Sentensi moja ya mwanamke mwenye mafua, iliyosemwa huko chini kwenye joto la Moshi, ilipanda mlima pamoja na Elisifa na shemeji yake, ikapita Masama sokoni, ikapita kanisani, ikaingia kihambani. Jioni ile ile Eliufoo, mtu ambaye hata baba yake hakuweza kumtuma mara moja akaenda, akalichomeka panga lake kwenye dari na kukaa chini.

Kesho yake alikuja mtendaji wa kijiji, Mathew, ili pazungushwe uzio na mtu asije akasema hakujua mwisho wa eneo la mgogoro. Miti ya uzio haikuwepo. Mawingu yalikuwa yameshaufunika mlima mpaka kiunoni, mvua ilikuwa njiani, na Mathew alikuwa na kikao. Akatazama huku na huku, akaona masale yaliyosongamana kando ya mfereji.

"Tukate haya. Ni marefu, yamenyooka."

Hapo Mathew, Elisifa na Eliufoo walitazamana, kwa sababu wote watatu walikuwa watoto wa mlimani na wote walijua sale ni nini. Ule mmea wa majani marefu kama mikanda si kuni wala boriti. Ukisimama mpakani, anayeung'oa amemwibia ndugu yake ardhi, na watu husema hivyo hata mbele ya watoto wake. Mtu akiushika mkononi akamwendea aliyemkosea, amekwisha kuomba radhi kabla hajafungua kinywa. Anayeupokea naye amefunga shauri. Halirudi tena, upande wake wala upande wa pili.

"Mathew, hivi vijiti vitaota," Elisifa alisema.

"Vitaota lini, mama? Ndani ya wiki mbili?"

Hata Eliufoo alicheka. Wakakata, wakachomeka, wakazungusha pande zote nne, wakafunga kamba za mgomba. Mlango hawakuweka, maana asingeingia mtu. Mvua ikawafukuza.

Kama wangeishia hapo, pengine uzio ule ungebaki uzio tu. Lakini siku ya pili Eliufoo alipita upande wake, akatazama, akasema kwa sauti ya kusikika ng'ambo, "Hapa mbuzi wa mtu anapita." Akaongeza vijiti. Elisifa akaona. Jioni akaongeza upande wake, kwa sababu kama mbuzi anapita, basi na panga linapita. Eliufoo akaongeza tena. Hawakuwa wanasemezana, walijibizana kwa vijiti. Wiki mbili zilipotimia, masale yalikuwa yamekaribiana kama meno ya kitana, na mvua ilikuwa haijakatika hata siku moja.

Siku ya uamuzi Elisifa alivaa kitenge chake cha Pasaka. Pamela alimpokea mlangoni, uso umemshuka.

"Bibi, hakimu amehamishwa."

"Amehamia wapi?"

"Tabora."

Elisifa alifikiri. "Na wiki mbili zetu ameondoka nazo?"

Pamela alicheka, kisha akaacha kucheka. Faili lilipewa tarehe nyingine. Tarehe hiyo ilipofika, hakimu mpya alikuwa bado hajalisoma. Iliyofuata, wakili wa Eliufoo alikuwa na kesi nyingine kubwa zaidi Arusha, na iliyofuata hapo mtandao ulikuwa chini, nao wote wakakaa kwenye benchi wakiutazama mlango wa ofisi ambamo mtandao huo ulikuwa umeanguka. Ikaja likizo ya mahakama. Hakimu mpya naye akaenda masomoni. Faili likaonekana limefungwa pamoja na la mtu wa Uru aliyekuwa akidaiana na jirani yake juu ya choo. Kila mara karani alitoka na kusema maneno yale yale, kwamba shauri limeahirishwa na hali ibaki kama ilivyo.

Wakati mwingine Elisifa na Eliufoo walishuka mjini siku moja, wakakaa benchi moja, huyu pembe hii na huyu pembe ile, na kurudi bila kuamkiana. Safari moja Eliufoo alisema huku akiitazama feni, "Dharura ya watu wengine inachelewa kuiva."

"Parachichi nazo nasikia hazina haraka," Elisifa alijibu, naye akiitazama feni.

Huku nyuma mlima haukuahirisha kitu. Vile vijiti viliota. Kwanza jicho moja la kijani ubavuni, kisha majani, kisha vichwa viwili vitatu kwenye kila kijiti, mpaka uzio ukawa ukuta wa kijani mrefu kuliko mtu, na kamba za mgomba zikaoza na kudondoka kwa kukosa kazi. Ndani kulikuwa na mambo ambayo Elisifa hakuwahi kuyaona tangu aolewe. Mkungu wa ndizi za mchare uliiva wenyewe, ukaanguka wenyewe, na ndege wakaula siku tatu wakigombana kama watu wa mnadani. Hondohondo walihamia kwenye mti wa mringaringa ulio katikati. Kahawa isiyopunguzwa matawi wala kuchumwa ilipanda juu kutafuta mwanga, kwanza sawa na masale, kisha ikayapita. Punje zilianguka zikiwa nyekundu, nyeusi, na hakuna aliyeziokota. Ilimuuma mwanzoni kama kuona unga ukimwagika. Baadaye uchungu uliondoka, akabaki kutazama tu, kijiko cha mtori kimemganda mkononi.

Kisha ikaja ile asubuhi ya maua.

Kiangazi kilikuwa kimekaza kuliko kawaida, na mvua ya kwanza ilinyesha mara moja, kubwa, ikaacha. Siku chache baadaye Elisifa alifungua mlango wa jikoni akitafuta moshi wa nani unanukia vile, kumbe si moshi. Kipande chote kilikuwa kimegeuka cheupe. Si maua ya kahawa anayoyajua yeye, mistari myembamba kwenye matawi yaliyokatwa vizuri. Hii ilikuwa kahawa iliyoachwa, iliyofanya ilivyotaka, na imechanua kuanzia chini mpaka juu ya masale, nyeupe juu ya kijani, na nyuki wanavuma ndani yake kama ibada inayoanza. Juu kabisa mawingu yalikuwa yamefunguka na kilele cha Kibo kimesimama na theluji yake. Elisifa aliangalia juu, akaangalia chini, akashindwa kujua kipi kimeiga kipi. Akakaa kwenye kizingiti akiwa na ufagio mkononi.

Alipoinua macho alimwona Eliufoo upande wa chini, kwenye ua wake. Alikuwa amesimama na kofia mkononi, na mtu yule havui kofia ila kanisani. Walitazamana juu ya maua. Eliufoo akairudisha kofia kichwani polepole, akaingia ndani.

Uamuzi wa zuio ulikuja msimu uliofuata, kahawa ikiwa imeanza tena kuwa nyekundu. Hakimu alikuwa wa tatu, kijana mwenye sauti nzuri. Alisoma muda mrefu. Elisifa alishika maneno machache na mengine Pamela akamfafanulia nje, chini ya ukuta, kwa sauti ya mtu anayetoa taarifa ya msiba.

"Amekataa, bibi. Amesema anayeomba zuio lazima aonyeshe kuwa kuna hasara inayomnyemelea. Amesema tangu ombi lifunguliwe mpaka leo hakuna mti hata mmoja uliokatwa."

"Haukukatwa kwa sababu walisema usikatwe."

"Ndiyo."

"Mpaka waamue."

"Ndiyo, bibi. Na wameamua." Pamela alipangusa miwani. "Kesi ya msingi bado ipo. Ile ya nani mwenye mali. Itapangiwa tarehe."

Elisifa hakukasirika. Alibaki akishangaa tu. Alikuwa ameona maji yakizunguka jiwe na kurudi yalikotoka, lakini hakuwa ameona maneno yakifanya hivyo. Nyuma yake alimsikia Eliufoo akimuuliza wakili wake, "Kwa hiyo naruhusiwa kuingia?" na wakili akijibu, "Hujazuiwa, mzee."

Asubuhi iliyofuata, saa ya watu kupeleka maziwa, Eliufoo alikuja na Praygod, fundi wa kukata miti mwenye msumeno wa mashine begani na buti za njano. Elisifa alikuwa ameshatoka. Alisimama kando ya uzio na fimbo yake, hana amri, hana zuio, ana miguu yake miwili tu.

"Shikamoo bibi," Praygod alisema.

"Marahaba mwanangu. Umekuja kuua."

"Nimekuja kazini, bibi."

Praygod alizunguka uzio mara moja. Akazunguka tena, safari hii akigusagusa majani. Akarudi.

"Meku, mlango uko wapi?" akamuuliza Eliufoo, akimwita mzee kwa lugha ya mlimani.

"Hauna mlango," Eliufoo alisema.

"Mmejenga ukuta wote huu bila mlango?"

"Ulikuwa wa wiki mbili."

Praygod alimtazama Eliufoo, akamtazama Elisifa, akatafuta mtu wa tatu wa kumweleza kama wanamtania. Njiani watu wawili watatu walikuwa wameshasimama na ndoo zao za maziwa.

"Basi ngoja nikate hapa tupite," akasema, akashusha msumeno. Alishika kamba ya kuwashia. Kisha akaangalia vizuri kile alichotaka kukata, akaiachia. "Aa. Hapana. Hili ni sale."

"Kwani hukuliona?"

"Niliona majani. Mzee, mimi nakata kahawa, nakata mivule, nimeshakata mpaka mti wa kanisa kwa barua ya mchungaji. Sale la mpakani sikati. Mama yangu bado yu hai."

"Si mpaka huo. Ni vijiti vya mtendaji."

"Mwambie mtendaji aje avikate."

Mmoja wa watu wa maziwa alikohoa kuficha kicheko. Eliufoo alisikia. Ni mzee mwenye hasira ya karibu, na alikuwa ameshuka na kupanda mlima ule kwa ajili ya siku hii mpaka viatu vimeisha. Akavua koti. Akashika sale moja kwa mikono miwili, chini kabisa ambako shina limenenepa, akavuta. Halikutikisika. Akainama, akavuta tena, mishipa ya shingo ikasimama. Udongo ulikuwa umelowa umande, mizizi ikaanza kulia, na ghafla sale lote likatoka kwa mkupuo, nalo likamrudisha Eliufoo nyuma hatua kadhaa mpaka akajikuta amesimama wima mbele ya Elisifa, mikono yote miwili imelishika kifuani, majani yakimzidi kichwa, mizizi ya rangi ya chungwa ikidondosha udongo kwenye viatu vyake.

Praygod alivua kofia yake ya kazi bila kujua anaivua. Mwanamke mmoja njiani alitua ndoo chini.

Elisifa alilitazama lile sale. Katika maisha yake ameyaona yakiletwa mara chache, na kila mara hewa ilibadilika hivi hivi. Akiwa mdogo alimwona mtu aliyechoma ghala la baba yake akija na jani moja tu, amelifunga fundo, na baba aliyekuwa ameapa kumpiga akanyoosha mkono akalichukua huku machozi yakimtoka kwa hasira. Hakuwahi kusikia mtu aliyekataa. Wala hakuwahi kusikia mtu aliyelileta bila kukusudia.

Alimwona Eliufoo akishusha macho taratibu mpaka kwenye mikono yake mwenyewe, akaona alichoshika na mbele ya nani.

Na Elisifa alijua bei ya kuinua mikono. Akipokea, Eliufoo hana tena panga, lakini na yeye hana tena kesi. Ile ya msingi, ya nani mwenye mali, ambayo Pamela aliisema kwa matumaini, haitakuwepo. Hatalisikia kamwe jina la Jesse likisomwa na mtu wa meza ndefu kuwa ndilo lililopewa ardhi ile. Akigeuka akaenda zake, haki yake inabaki, huko mjini, ndani ya faili, na msumeno unabaki hapa.

Fimbo ilianguka. Mikono yake ilikuwa imeshanyooka kabla hajamaliza kuwaza.

"Nimepokea, shemeji," akasema.

Sale lilikuwa zito. Udongo wake ulikuwa baridi.

"Mama Ruth," Eliufoo alisema kwa sauti ndogo, "mimi nilikuwa nang'oa."

"Najua."

"Sikuwa naomba."

"Najua, baba Brenda. Nimekuona. Lakini wewe umelishika na mimi nimelipokea, na watu wa maziwa wale pale. Sasa tufanyeje?"

Elisifa alingoja Eliufoo aseme, "Lirudishe." Kama angesema, hakuna amri ya mahakama ingemzuia. Eliufoo akaitazama mikono yake mitupu yenye udongo, akaisugua kwenye suruali, ukabaki.

"Sijui," akasema mwishowe. "Hili sijawahi kuliona."

Pengo alilolifungua lilikuwa la upana wa mtu mmoja. Walisimama mbele yake kama watu waliofika mlangoni kwa mwenyeji wasiyemjua. Eliufoo alitangulia, upande upande, Elisifa akafuata na sale lake mikononi.

Ndani palikuwa na kiza cha kijani, na ubaridi. Mwanga ulishuka vipande vipande. Chini hapakuwa na udongo, palikuwa na miche: punje zote zilizoanguka tangu vijiti vichomekwe zilikuwa zimeota, maelfu kwa maelfu, zimesimama wima kila moja na majani yake yanayong'aa, zimebanana hivi kwamba hapakuwa na pa kuweka mguu. Walisimama pale pale walipoingilia. Juu hondohondo alipiga mbawa, na sauti yake ikawa kubwa kama mtu anayekung'uta mkeka.

"Hakuna aliyepanda," Eliufoo alinong'ona.

"Hakuna."

"Hakuna hata aliyemwagilia."

Akachuchumaa, akaitenga miche kwa vidole mpaka akafikia shina moja la zamani lililopinda kuzunguka jiwe. Aliligusa lile jiwe.

"Shimo hili nilichimba mimi. Nilikuwa mdogo. Jiwe lilikataa kutoka, nikalia, Jesse akasema basi, tutapanda kando yake, utajifunza kuzunguka."

"Nilikuwa nimesimama pale na ndoo," Elisifa alisema. "Ulilia sana."

"Ulicheka."

"Nilicheka."

Aliinuka kwa kushika goti. Alitupa macho juu kwenye matawi yaliyolemewa na punje nyekundu, zile ambazo hazingojei, zinazohitaji mikono mingi na mapema. Akachuma moja, akaiminya mdomoni, akanyonya utamu wake kama mtoto, mbegu akazitema kiganjani na kuzitazama.

Nje Praygod aliingiza kichwa penye pengo, akaiona ile miche. "Meku, niwashe mashine au nifanyeje?"

"Subiri," Eliufoo alisema.

"Nisubiri mpaka lini?"

Mzee aligeuka akamtazama shemeji yake. Ilikuwa mara ya kwanza tangu siku ile ya kuchomeka vijiti Elisifa kuyaona meno yake.

"Wiki mbili," akasema.

Praygod alienda zake na pikipiki, na maziwa yakafika kwenye kituo yamechelewa. Elisifa alitoka kupitia pengo lile lile akiwa amelikumbatia sale. Mizizi ilikuwa imeanza kunyauka, na sale lililopokelewa haliwekwi ukutani kama ufagio. Alilipanda kando ya pengo, si katikati, akaliegemeza kwa jiwe ili lisimame, akaacha nafasi ya kutosha mtu na kikapu. Kisha akaingia jikoni kutafuta vikapu, na akatoa viwili.